Simu ya mkopo ya dada: ulimbukeni, au jambo la haki?

"Mwalimu, shikamoo. Mimi ni mwanafunzi wa mwaka wa pili, nasoma sosholojia. Dada yangu anafanya usafi wa maofisini na mshahara wake ni mdogo. Miezi minne iliyopita alichukua simu ya kisasa kwa mkopo, na marejesho yanamla karibu kila anachopata. Nyumbani wamemsema mpaka akalia. Mjomba akamalizia kwa ile methali ya maskini akipata. Darasani nako tumeambiwa kwamba wataalamu wa taaluma za utamaduni, wale wanaochunguza maana ya vitu na desturi za maisha ya kila siku, wanauona ununuzi wa namna hii kuwa jambo la haki ya kijamii kuliko la tabia ya mtu. Mimi naona ni kumtetea mtu anayejiumiza mwenyewe. Kuna haki gani kwenye simu?"

Marahaba. Nimelisoma swali lako zaidi ya mara moja, na kila nikirudi nakwama pale dada yako alipolia. Nianzie hapo. Mtu mzima halii kwa kuambiwa amekosea hesabu. Mwambie mtu kwamba saba mara nane si hamsini na nne. Atanuna kidogo, atafuta, ataandika upya. Dada yako aliambiwa jambo jingine. Aliambiwa kwamba kitu alichoshika si cha mtu wa namna yake.

Itazame hata hiyo methali ya mjomba: maskini akipata, matako hulia mbwata. Haiulizi amepata nini, kwa bei gani, kwa mkopo au kwa jasho. Haina hesabu yoyote ndani yake. Inachocheka ni mwendo tu: mtu aliyekuwa akipita kimya, leo anapita na kusikika. Nimekua naisikia na nimeicheka pia, mpaka siku nilipojiuliza kwa nini aliyerithi mali ya babu yake akitembea kwa mbwembwe hatumwimbii hiyo.

Jibu langu, kabla sijawaita wataalamu, ni hili. Vitu tunavyonunua vinafanya kazi mbili kwa pamoja: vinatufaa kwa matumizi, na vinatutambulisha mbele za watu. Kazi ya pili si upuuzi, maana watu hupewa au kunyimwa ajira, nyumba ya kupanga, hata salamu, kwa kutazamwa walichovaa na walichoshika. Kiwango cha kutambulika hupandishwa na walionacho, na anayekifukuzia kwa mkopo ni asiyenacho. Haki inaingia hapo. Nikisema hivyo sisemi kwamba mkopo wa dada yako ni mzuri. Huenda ni mbaya sana, nami nitaufikia.

Hoja hii haikuanza na wapinzani wa ubepari. Mwaka 1776 mwanauchumi Adam Smith, huyu huyu anayetajwa kila soko huria linapotetewa, aliandika juu ya shati la kitani. Alisema Wagiriki na Warumi wa kale waliishi vizuri bila kitani, kwa hiyo ukilipima shati hilo kwa uhai wa mtu, halihitajiki. Lakini katika Ulaya ya wakati wake, kibarua mwenye heshima zake angeona haya kutoka mbele za watu bila shati hilo, kwa sababu kulikosa kulihesabiwa kuwa dalili ya umaskini mbaya, ule ambao watu waliamini haumfiki mtu ila kwa mwenendo muovu. Basi Smith akaliweka shati katika fungu la mahitaji. Karne mbili baadaye, mwaka 1983, mwanauchumi Amartya Sen alilirudia shati lile lile akaonyesha jambo ambalo nakuomba ulishike: uwezo wa kutoka hadharani bila aibu ni hitaji la mtu popote alipo, ila vitu vya kuupatia uwezo huo hubadilika, na jamii ikizidi kutajirika navyo huzidi kupanda.

Sasa mwulize dada yako ratiba ya zamu zake inamfikia kwa njia gani. Kama ni kama kwa wafanyakazi wengi wa usafi wa siku hizi, inatumwa usiku kwenye kundi la ujumbe, na asiyejibu mapema zamu yake anapewa mwingine. Msimamizi anataka picha ya sakafu iliyokwisha kupigwa deki. Mshahara unaingia kwa simu. Fomu ya kuomba kazi nyingine inajazwa kwenye intaneti. Mwajiri hakuandika popote kwamba mfanyakazi lazima awe na simu ya kisasa, wala hakuiingiza gharama yake kwenye mshahara. Ameipanga kazi tu kwa namna ambayo asiye nayo hawezi kuifanya. Hilo ndilo shati la kitani la leo.

Najua utakachonijibu, kwa sababu wanafunzi wangu hunijibu hivyo kila mwaka: simu ya bei ya chini ingetosha, kwa nini hiyo? Ni swali halali, na ndilo lililoijenga taaluma hii.

Mwanauchumi Thorstein Veblen, mtoto wa wahamiaji kutoka Norwei waliolima Marekani, alitoa mwaka 1899 kitabu kuhusu tabaka la wasiohitaji kufanya kazi. Aliita tabia yao matumizi ya kujionyesha: kutumia ili ionekane kwamba unaweza kupoteza. Wengi hulikumbuka neno hilo wakasahau nusu ya pili ya hoja yake, kwamba kila tabaka hulitazama lililo juu yake kwa kuiga, na kwamba hata walio maskini kabisa hawaachi kabisa kujitunzia kitu kimoja cha kuonekana nacho. Veblen aliwacheka matajiri. Sisi tumelichukua neno lake tukaenda kuwachekea maskini.

Mwanasosholojia Pierre Bourdieu alikwenda ndani zaidi. Alikuwa mtoto wa mfanyakazi wa posta wa kijijini kusini-magharibi mwa Ufaransa, na nadhani kila ukurasa aliouandika una kumbukumbu ya kuingia chumba cha wasomi akajikuta ameshika vitu visivyo. Katika miaka ya 1960 yeye na wenzake waliwahoji watu zaidi ya 1,200 kuhusu muziki waupendao, samani, picha, chakula, mavazi, na mwaka 1979 akachapisha matokeo. Aligundua kwamba kile tunachokiita kuwa na jicho la kuchagua kinafuata tabaka na elimu ya mtu kwa ukaribu wa kutisha, halafu kinageuzwa kuwa sababu ya kumpandisha au kumshusha. Anayechagua akiwa na nafasi anaonekana ana busara. Anayechagua akiwa amebanwa anaonekana hana adabu ya macho.

Hebu tuijaribu hoja hiyo kwa simu tatu mezani. Mkurugenzi anatoa simu kuukuu yenye kioo kilichopasuka: watu wanasema, mtu huyu hajikwezi, ana pesa na hana makuu. Dada yako anatoa simu hiyo hiyo: mshamba, amebaki nyuma. Dada yako anatoa simu mpya: limbukeni. Kitu ni kile kile na maana yake inabadilika kwa mkono ulioshika. Hapo hakuna simu ambayo dada yako angeichagua akatoka salama. Ukishaliona hilo, swali la "kwa nini hiyo" linabaki kuwa swali, lakini halitoshi tena kumhukumia mtu. Yeye amechagua kudharauliwa kwa namna inayouma kidogo zaidi mfukoni na kidogo pungufu usoni.

Veblen na Bourdieu hawakujiita wanataaluma wa utamaduni. Taaluma yenyewe ilipata kiti chake Birmingham, Uingereza, mwaka 1964, pale Richard Hoggart alipoanzisha kituo cha utafiti wa utamaduni wa siku hizi. Hoggart alikuwa yatima wa mitaa ya wafanyakazi ya Leeds, amelelewa na bibi yake. Aliyemfuata uongozini ni Stuart Hall, Mjamaika aliyefika Uingereza mwaka 1951 kwa masomo akabaki. Nawataja walikotoka kwa makusudi. Kabla yao wasomi wengi waliwaandika watu wa kawaida kama bakuli tupu linalomiminiwa matangazo. Wanafalsafa wa Kijerumani Adorno na Horkheimer, kwa mfano, waliokimbia utawala wa Hitler, waliuona muziki na sinema za kuuzwa kama kiwanda cha kuwalaza watu. Hall alikataa nusu ya picha hiyo. Mwaka 1973 alieleza kwamba ujumbe hutengenezwa na wenye nguvu, lakini anayeupokea anaweza kuukubali, kupatana nao kwa sehemu, au kuusoma kinyume kabisa. Alikuwa akizungumzia televisheni, lakini wanafunzi wake wakauliza swali hilo hilo kuhusu viatu, pikipiki na nguo.

Utafiti ninaoupenda kuliko wote katika mkondo huu ni wa mwanaanthropolojia Elizabeth Chin, uliotoka mwaka 2001. Alikaa na watoto Weusi wa miaka kumi hivi katika mtaa wa watu wa kipato cha chini mjini New Haven, Marekani. Wakati ule vyombo vya habari vya huko vilikuwa vimejaa hadithi za vijana Weusi walioshikwa na wazimu wa viatu na makoti ya nembo. Chin alifanya jambo ambalo hakuna mwandishi wa hadithi hizo aliyekuwa amelifanya. Alimpa kila mtoto dola 20 akaenda naye madukani, anunue anachotaka. Watoto walinunua vitu vya matumizi ya kawaida, na sehemu kubwa ya pesa hizo ikaishia kwenye zawadi za mama, bibi na ndugu zao. Mtoto wa miaka kumi anazunguka rafu akimfikiria bibi yake. Nimewasomea wanafunzi sehemu hiyo kwa miaka mingi na bado inanigusa.

Chin aliona pia wanasesere wa wasichana wale. Walikuwa wanasesere weupe wenye nywele ndefu zilizonyooka, wale wa dukani, na watoto walikuwa wamezisuka nywele hizo kwa mitindo iliyokuwa kwenye vichwa vyao wenyewe. Kampuni ilikuwa imeuza sura moja ya uzuri. Mikono ya watoto ikaifanya ndugu yao. Lakini Chin hakuishia kushangilia. Alionyesha kwamba kusuka nywele za mwanasesere hakubadilishi mtaa wao, wala kazi ambazo wazazi wao hawakuzipata.

Nalisema hili kwa sababu taaluma yetu ilikosea pale, na lazima nikuambie. Katika miaka ya 1980 baadhi ya wenzetu walinogewa na wazo la mnunuzi anayepinga. Mmoja wao, John Fiske, katika vitabu vya mwaka 1989, aliandika juu ya suruali za jinzi zilizochanwa na vijana wanaoshinda kwenye maduka makubwa bila kununua kitu kana kwamba ni mapambano. Mwenzetu mwingine, Jim McGuigan, aliwajibu mwaka 1992, na kwa maoni yangu alikuwa sahihi: ukitazama tu mtu anavyokitumia kitu kwa ubunifu, ukaacha kuuliza nani anakimiliki kiwanda, nani anakopesha na kwa riba gani, umeacha kazi nusu. Ndiyo maana nakuelewa unapoogopa kwamba tunamtetea anayejiumiza. Kuna wakati ndivyo tulivyofanya.

Basi tuje kwenye mkopo. Mwaka 1963 mwanasosholojia David Caplovitz alichapisha utafiti juu ya familia za kipato cha chini za New York, jinsi zilivyonunua samani, televisheni na mashine za nyumbani. Alikuta zinalipa zaidi kuliko wenye uwezo kwa vitu vya aina moja au vilivyo duni. Hazikuwa familia za watu wajinga. Maduka ya bei nafuu hayakuwakopesha, na waliokubali kuwakopesha walijua kwamba mteja wao hana pa kwenda. Kitu kikaharibika kabla deni halijaisha, na asiyelipa akakatwa mshahara kwa amri ya mahakama. Watu husema cha rahisi ni ghali; Caplovitz alionyesha kwamba kwa maskini hata cha ghali kinazidi kuwa ghali. Tangu hapo sura zimebadilika, lakini utaratibu ni ule ule: mwenye fedha taslimu analipa mara moja, asiye nazo analipa kidogo kidogo mpaka amelipa simu moja na sehemu ya nyingine.

Na simu hiyo ya dada yako yawezekana ina jambo jipya ambalo Caplovitz hakuliona. Simu nyingi za mkopo hufungwa kutoka mbali mkopaji akichelewa rejesho. Fikiria maana yake kwake. Amechelewa siku mbili, kioo kimeganda kwenye ujumbe wa deni, na nyuma ya ujumbe huo kuna ratiba ya zamu za kesho. Chombo cha kupatia pesa ya kulipia kimefungwa kwa sababu pesa haijalipwa.

Mwanasosholojia Zygmunt Bauman alisema mwaka 1998 kwamba zamani maskini alikuwa mtu asiye na kazi, na leo amekuwa mnunuzi mwenye kasoro: anapimwa kwa kununua, ananyimwa njia ya kununua, kisha analaumiwa kwa vyote viwili. Naona sentensi hiyo inamweleza dada yako vizuri. Ila ningeongeza kwamba lawama yenyewe imeelekezwa pasipo. Tukisema dunia ina watu wanaonunua kupita kiasi, tuwatafute walipo: kwa hesabu iliyotolewa na Oxfam, shirika la kupambana na umaskini, mwaka 2020, kati ya 1990 na 2015 asilimia 10 ya watu matajiri zaidi duniani walihusika na asilimia 52 ya hewa ukaa yote iliyoongezwa angani, na nusu nzima ya watu walio maskini zaidi walihusika na asilimia 7. Simu moja ya mfanya usafi haionekani kwenye hesabu hiyo.

Upo upande mwingine wa haki, wa waliokitengeneza kitu. Wahenga walitwambia usione vyaelea, vimeundwa, na Karl Marx alitumia kurasa nyingi mwaka 1867 kusema jambo linalokaribiana sana na hilo: bidhaa ikifika sokoni inaonekana kana kwamba imejizaa yenyewe na bei yake usoni, na mikono iliyoiunda imefutika. Tarehe 24 Aprili 2013 mikono hiyo ilionekana. Jengo la Rana Plaza, karibu na Dhaka, Bangladesh, liliporomoka na kuua watu 1,134, wengi wao washonaji wa nguo za kuuzwa nchi za mbali. Nyufa zilikuwa zimeonekana siku moja kabla. Benki iliyokuwa ndani ya jengo hilo hilo iliwaondoa watu wake. Washonaji walirudishwa kwenye cherehani. Nawaza kwamba tofauti kati ya karani wa benki na mshonaji siku ile ndiyo maana halisi ya neno tabaka, kuliko fasili yoyote niliyowahi kuandika ubaoni.

Je, mnunuzi anaweza kufanya kitu? Anaweza, akiwa na wenzake. Kuanzia mwaka 1791 Waingereza wengi waliacha sukari iliyolimwa na watumwa. Thomas Clarkson, mpinga utumwa wa wakati huo, alikadiria watu wapatao 300,000, na wanawake, ambao hawakuwa na kura, walikuwa mstari wa mbele. Mjini Montgomery, Marekani, Weusi walisusia mabasi kwa siku 381 kuanzia Desemba 1955 mpaka ubaguzi ndani yake ukaondolewa. Lakini angalia: kususia huko kulikuwa na vikao, michango, viongozi, kesi mahakamani. Hakukuwa mtu mmoja mmoja akichagua bidhaa yenye kibandiko cha wema. Sina imani kubwa na haki inayouzwa kwa bei ya juu kidogo, maana aliyebanwa hawezi kuinunua, na ataongezewa aibu nyingine juu ya ile aliyonayo.

Nirudi kwa dada. Mwanafalsafa Nancy Fraser aliandika mwaka 1995 kwamba dhuluma zina namna mbili ambazo hupenda kukaa pamoja: ya mgawo, yaani nani anapata nini, na ya kutambuliwa, yaani nani anahesabiwa mtu kamili. Kutibu moja na kuiacha nyingine hakutoshi. Dada yako amepata zote mbili kwa pamoja, riba kutoka kwa mkopeshaji na dharau kutoka nyumbani. Nyinyi mlimshambulia kwa ya pili mkidhani mnamwokoa na ya kwanza. Kwa aibu ile hatawaambia tena akikwama. Atakopa mahali pengine kimya kimya.

Kwa hiyo kaa naye, kabla ya nadharia yoyote. Mwombeni radhi kwanza, wewe hata kama mjomba hataki. Kisha mfungue mkataba pamoja, muandike bei ya simu kwa fedha taslimu, jumla ya marejesho yote mpaka mwisho, na adhabu ya kuchelewa. Angalieni kama kuna kifungu cha kulipa mapema na kupunguziwa, na kama simu inafungwa. Mkiona kuirudisha ni nafuu, irudisheni. Mkiona zamu zake haziendi bila simu, basi ni gharama ya kazi, na wafanyakazi wenzake wana gharama hiyo hiyo. Wakikutana wakaihesabu, wana hoja ya kupeleka kwa mwajiri siku ya kuzungumza mishahara. Mkishapata tofauti kati ya bei taslimu na jumla ya marejesho, niandikie namba hiyo. Ningependa tuifanyie kazi darasani, bila jina lake.